Mwanafunzi Asiyekosea

Jambo ambalo Fundi hakuwahi kulitatua, hata baada ya yote kupita, lilikuwa la hesabu, tena hesabu ya mtoto wa darasa la kwanza. Watoto waliosoma kwa mama yake walikuwa kumi na watatu. Aliwahesabu kwa viatu mlangoni: jozi kumi na tatu. Aliwahesabu kwa vichwa: kumi na vitatu. Na kwa kuwa yeye ndiye aliyewashonea nguo zao za kusomea, angeweza kuwahesabu hata kwa vipimo vya mabega. Lakini mama yake alisema wako kumi na wanne, na mama yake hakuwa mtu wa kukosea.

“Kumi na watatu, Mama,” Fundi alijibu siku ile, mguu ukiwa bado juu ya kanyagio la cherehani.

“Kumi na wanne. Kuna mgeni. Yuko nyuma kabisa, karibu na kabati. Sauti yake haina kwaruzo hata moja, mashallah. Mtoto wa nani?”

Nyuma kabisa, karibu na kabati, palikuwa na kipande cha mkeka kisichokaliwa na mtu.

Sauti ile ilianza siku gani? Hilo ndilo lililomshinda. Huenda ilianza alasiri ile ile. Huenda ilikuwamo mwezi mzima, au mwaka, imejibanza ndani ya sauti za watoto kama uzi wa rangi moja na kitambaa, isionekane mpaka mama yake alipougusa kwa kidole na kuuvuta. Fundi aliliwaza hilo kwa miaka, akachoka nalo, akaliacha.

Mama yake alijulikana kwa jina la Mwalimu, na hata watoto wake wa kuzaa walimwita hivyo walipokuwa wakimsema pembeni. Kwa miaka arobaini alisomesha Kurani katika chumba cha mbele, chenye mikeka miwili ya plastiki, kabati la misahafu na dirisha lililotazama kibaraza ambapo Fundi aliweka cherehani yake. Kwa miaka mitano ya mwisho alisomesha bila kuona. Macho yake yote mawili yalikuwa na mtoto wa jicho. Hospitali walimwambia ni kazi ya nusu saa tu. Akasema ameshaona ya kutosha. Na mgeni akimuuliza amejaliwa watoto wangapi, alijibu kwa uso mkavu, “Watatu. Mmoja anashona, wawili wako machoni.”

Mwanawe wa kwanza hakumhesabu.

Huyo alikuwa fundi wa mafriji, na kwa kuwa tangu utotoni hakuachana na bisibisi yake mfukoni, watu walimwita Bisibisi. Miaka sita nyuma alikuja siku ya Ijumaa, akaketi kwenye mkeka mbele ya mama yake, akasema, “Mama, mimi nasimama pale msikitini lakini simo. Nimechoka kukudanganya wewe na Mungu kwa pamoja.” Hakusema kwa kiburi. Fundi alikuwa kibarazani akitia uzi kwenye sindano, na alisikia kwamba kaka yake alikuwa akilia. Mwalimu akasema, “Basi nenda. Usirudi hapa mpaka urudi kwa Mola wako.” Akaenda. Hakwenda mbali, mitaa mitatu tu, lakini mitaa mitatu ikitiwa kiapo katikati haivukiki. Tangu hapo Fundi akawa mtu wa kupeleka salamu zisizotumwa na kurudisha majibu yasiyosubiriwa. Alikuwa kama bawaba ya mlango: pande zote mbili zinamtegemea, na yeye ndiye anayelika.

Sheria za nyumba zilikuwa nyingi, naye alizizoea kama mtu anavyozoea kiatu kinachobana. Hakuna redio. Hakuna picha ukutani, hata ya kalenda. Hakuna kuimba, wala kuimba kwa pua. Fundi alikuwa na miaka thelathini na minane, ameolewa, ameachwa, amerudi na mtoto, na bado alikuwa akikata nyimbo kooni kabla hazijafika mdomoni. Lakini haki isemwe: Mwalimu hakumpiga mtoto wa mtu hata siku moja. Alikuwa na mguu wa kiti kilichovunjika, urefu wa mkono, na mtoto akikosea alikuwa akigonga nao sakafu ya saruji mara moja. *Ko.* Hakusema neno. Mtoto alijua, akarudia.

Na kila alasiri, kabla ya kuwaruhusu, aliomba dua. Ilikuwa dua ndefu, lakini mwisho wake ulikuwa ule ule, na Fundi aliujua kama alivyojua mlio wa cherehani yake: “Na unijalie, ewe Mola, kabla hujanichukua, mwanafunzi mmoja asiyekosea.” Watoto wakaitikia kwa nguvu, kwa kuwa dua ikiisha wanakwenda kucheza: “Amin!”

*

Wiki ya kwanza Fundi aliichukulia kuwa ni uzee. Ya pili, alikuwa akipindua kola ya shati la shule, mkono wa kushoto ukivuta na wa kulia ukisukuma, na bila kujua akaanza kuimba kwa pua kitu alichokisikia dukani.

*Ko.*

Akanyamaza kwa mazoea. Kisha akakumbuka kwamba mama yake alikuwa uani anatawadha, maji yanasikika, na ule mguu wa kiti ulikuwa ukining’inia kwenye msumari wake mbele ya macho yake, umetulia, hata hauyumbi.

Akachungulia dirishani. Chumba kilikuwa kitupu. Kulikuwa na harufu ya udi, nyembamba na nzuri, ila chini ya udi kulikuwa na harufu nyingine, ya kisima kilichofunikwa muda mrefu halafu mtu akainua mfuniko kidogo tu.

“Mama,” alisema jioni ile, wakichambua mchele, “mtu huyo wa karibu na kabati. Si mtu.”

“Najua.”

“Unajua?”

“Mwanangu, mimi sioni, sijawa kiziwi. Mtoto wa binadamu anavuta pumzi akisoma. Huyu havuti.” Vidole vya Mwalimu viliendelea kutafuta mawe kwenye mchele. “Majini nayo ni viumbe. Wako waovu na wako wanaosali. Mimi ni nani nimfukuze aliyekuja kusoma, wakati niliyemzaa nimemfukuza kwa kutokusoma?”

Ilikuwa mara ya kwanza katika miaka sita Fundi kusikia kaka yake akitajwa ndani ya nyumba ile, hata kwa kupita mbali. Akatamani kushika neno hilo lisipite. Lakini alikuwa amechoka, mchele ulikuwa bado mwingi, na neno likapita.

“Na anasoma, we!” Mwalimu aliongeza, na uso wake ukalainika kama wa bibi harusi. “Sijapata kusikia kitu kama kile. Hakosei.”

Sasa, Fundi alikuwa na binti wa miaka tisa. Walimwita Chiriku, kwa sababu kinywa chake hakikujua likizo. Alikuwa akiongea akila, akiongea akioga, akijibizana na jogoo wa jirani kupitia ukuta. Katika kusoma alikuwa na neno moja lililomshinda, kila akilifikia alijikwaa, *ko*, akarudia, akajikwaa tena, kisha akacheka mwenyewe na kuwachekesha wenzake, na hata Mwalimu aliinamisha uso ili asionekane.

Alhamisi moja Chiriku alilifikia neno lile akalipita.

Mguu wa Fundi ulisimama juu ya kanyagio. Akasikiliza. Mtoto alikuwa akiendelea, neno baada ya neno, sauti imenyooka, haipandi wala haishuki pasipotakiwa, na nyuma ya sauti hiyo, imeshikamana nayo kama bitana na kanzu, kulikuwa na sauti nyingine isiyovuta pumzi.

“Mashallah!” Mwalimu alisema. “Mashallah, mjukuu wangu!”

Usiku ule Chiriku alikula kimya. Fundi akamuuliza shuleni kulikuwa na nini, akajibu, “Kheri.” Akamuuliza kama jogoo wa jirani ameshachinjwa, maana hamsikii akigombana naye. “Sijui.” Siku zilizofuata mtoto alizidi kupungua namna hiyo; si mwili, mwili ulikuwa palepale, bali ule wingi wake. Alinawa mikono mara tatu, akahesabu. Alihamia nyuma ya darasa, karibu na kabati. Na siku Fundi alipomwambia mteja mlangoni kwamba sare yake iko tayari, imebaki vifungo tu, na ukweli ni kwamba haikuwa hata imekatwa, mtoto aliinua macho kutoka kwenye msahafu, akamtazama mama yake kama mtu anayetazama doa, akasema, “Kosa.”

Na ndani, *ko*.

“Mama, mtoto wangu anaisha,” Fundi alimwambia Mwalimu.

“Anakua.”

“Hacheki.”

“Kucheka si nguzo.”

“Mama, tumwite mtu.”

“Mganga? Haingii mganga humu. Nisije nikakutana na Mola wangu na hirizi za watu mlangoni.” Kisha, kwa upole, kwa sababu hakuwa mtu mkatili, “Vumilia. Wewe ulizoea kelele zake tu.”

Huenda mambo yangeendelea hivyo. Lakini mgeni yule, akiwa amemmaliza mdogo, alimgeukia mkubwa.

Ilikuwa Jumatatu, alasiri, jua bado kali. Mwalimu alikuwa akiwatangulizia watoto sura fupi ambayo angeweza kuisoma usingizini, na alipofika katikati yake, *ko*. Watoto wote wakainua vichwa. Mguu wa kiti ulikuwa mapajani mwake. Akatabasamu kidogo, kama mtu aliyepigwa kikumbo sokoni, akarudi nyuma, akasoma tena. *Ko.* Akasoma polepole, herufi moja moja, kila moja akiitoa mahali pake kooni na ulimini kama alivyofundishwa na baba yake, na kama alivyofundisha yeye watoto ambao sasa wana wajukuu, na alipolifikia neno lile lile, kabla hajalimaliza, *ko*, safari hii karibu zaidi, karibu kabisa na goti lake, na Fundi, aliyekuwa amesimama dirishani na mkasi mkononi, aliona watoto kumi na wawili wakisogea bila kuambiwa, wakirudi nyuma kwa makalio juu ya mkeka, wakiacha duara tupu mbele ya bibi asiyeona, huku Chiriku peke yake akibaki alipo, mgongo umenyooka, akitikisa kichwa taratibu, kama mwalimu aliyekata tamaa.

“Nimekosea wapi?” Mwalimu aliuliza.

Kwa wiki tatu aliuliza. Alirudia neno lile asubuhi na jioni. Alimwita mwalimu mwenzake akamsikiliza, akasema halina kosa. Alilisoma kwa kunong’ona, *ko*. Kwa moyo tu, midomo imefungwa, *ko*. Akaacha kula vizuri. Fundi alikuwa akimkuta ameinama kwenye ukingo wa kitanda, vidole vikihesabu herufi, na kwa mara ya kwanza maishani mwake alimwona mama yake kama wanafunzi walivyojiona mbele yake. Hakufurahi. Aliwahi kufikiri siku moja angefurahi.

Watoto wa watu wakaacha kuja, mmoja mmoja. Jozi tisa mlangoni, jozi tano, jozi mbili. Mwishowe ikabaki jozi moja, ya Chiriku, kwa kuwa alikuwa wa humo humo.

*

Jumamosi mtoto aliketi kwenye mkeka baada ya chai, akaanza kusoma, hakunyamaza.

Saa nne Fundi alimpelekea uji. Hakuuona. Saa sita alijaribu kumwinua, na mtoto aliyekuwa akimbeba kwa mkono mmoja akawa mzito kama gunia la saruji lililonyeshewa. Saa nane midomo yake ilikuwa imepasuka, na sauti iliyotoka katikati ya midomo ile ilikuwa safi, baridi, haina kiu. Fundi alitoka bila kutia viatu, akavuka mitaa mitatu.

Bisibisi alikuwa amepiga magoti nyuma ya friji la duka la maziwa.

“Kaka, njoo nyumbani.”

“Nyumbani kwa nani?”

“Usinianze, Kaka. Leo sina nguvu za kucheza na maneno.”

Akamweleza. Alimweleza vibaya, mwisho kwanza. Bisibisi akafuta mikono kwa kitambaa, kidole kimoja kimoja.

“Mimi sijui kama namwamini Mungu anayekasirikia wimbo,” alisema, “nitaamini jini?”

“Usiamini. Njoo tu unisaidie kumbeba mtoto.”

Hilo alilielewa. Njiani wakampitia mzee mmoja msomaji, mtu mnene, mpole, aliyeitwa Pumzi kwa kuwa alisoma kurasa nzima kwa pumzi moja kisha akahema kama mvukuto. Hakuwa mganga wa hirizi; Mwalimu mwenyewe aliwahi kumsifu. Walipofika, Bisibisi alisimama kizingitini, ncha za viatu zikigusa ukingo wa mlango. Hakuvuka.

“Shikamoo, Mwalimu,” Pumzi alisema.

“Marahaba. Umekuja kunifundisha kazi?”

“Nimekuja kuomba maji ya kunywa kwanza. Njia yenu ina kilima kisichoonekana mpaka ukipande.” Akanywa, akaketi mkabala na mtoto, akaanza kusoma.

Alisoma vizuri. Chumba kikaanza kutulia, na Fundi akahisi mabega yake yakishuka, mpaka alipotambua kwamba ile sauti nyingine ilikuwa ikisoma pamoja na mzee, si kumpinga, bali kumfuata, kisha kwenda sambamba naye, kisha kumtangulia, ikimaliza kila aya kabla yake na kumsubiri mwishoni kwa adabu, na harufu ya udi ikazidi, na ile ya kisima ikazidi kuliko udi, na jasho likaanza kumtiririka mzee masikioni, naye hakuacha, akasoma haraka zaidi, na sauti haikuharakisha lakini ilikuwa bado mbele, na hapo, katikati ya mfululizo, *ko*.

Pumzi akasita. Akarudia. Akafungua msahafu, akatazama kwa miwani.

“Kweli,” alisema, akihema. “Hapa nilikuwa nakosea. Miaka ishirini nasoma vile, hakuna aliyenisahihisha.” Akaufunga msahafu, akaubusu. “Mwalimu, huyu hatoki kwa kusomewa. Wengine ukiwasomea wanaungua. Huyu ananenepa.”

Mtoto alikuwa akiendelea.

“Uliomba nini?” mzee aliuliza.

Fundi ndiye aliyesema, na sauti yake ilitoka ndogo. “Mwanafunzi mmoja asiyekosea. Kila siku. Na watoto wanaitikia amin.”

“Aa,” alisema Pumzi. Hakutikisa kichwa, hakulaumu. “Dua ikitoka mdomoni husikiwa na wengi. Wa kuijibu ni Mmoja. Lakini wako wanaojibu bila kuulizwa.”

Mwalimu akanyanyua uso. “Chiriku,” aliita, na hakuwahi kumwita kwa jina hilo la utani. “Mjukuu wangu. Inatosha.”

Katika miaka arobaini, neno hilo lilikuwa halijapingwa. Mwanafunzi wake akiambiwa inatosha alifunga msahafu, hata kama ni katikati ya aya.

*Ko.*

Mtoto aliendelea.

“Inatosha, nimesema!”

*Ko.* Na kabati likatetemeka vioo.

“Kumbe,” Mwalimu alisema polepole. “Kumbe mimi si mwalimu tena humu.” Akashika ukuta, akainuka, akaanza kwenda kuelekea sauti ilipo, mkono mbele, akikanyaga pembeni ya mkeka, akiyumba. Fundi alikuwa na mtoto mikononi asiyeinuka. Aliyemdaka Mwalimu ni Bisibisi. Hakuna aliyemwona akivuka kizingiti. Alikuwa nje, kisha alikuwa ndani, na mkono wa mama yake ulikuwa ndani ya mkono wake.

Mwalimu akasimama. Akaupapasa mkono ule, kidole kwa kidole.

“Mkono huu una baridi.”

“Nimetoka kwenye friji la watu, Mama.”

“Ungesali ungepata joto.”

“Mama.”

“Haya. Nipeleke alipo mtoto. Kisha unishushe taratibu, magoti yangu hayakunjiki.”

Akamshusha. Mwalimu akaketi kwenye mkeka, mahali pa wanafunzi, nyuma kabisa, bega kwa bega na mjukuu wake, uso akaugeuzia kabati. Ule mguu wa kiti, aliokuwa nao mkononi, akauweka mbele yake sakafuni na kuusukuma mbali.

“Wewe uliye hapo,” alisema. Hakupaza sauti. Ilikuwa sauti ya mtu aliyefanya kazi tangu alfajiri. “Huyu mtoto hajabalehe. Hana kosa linaloandikwa, na wewe msomi unajua. Mwenye kosa ni mimi. Umenigongea wiki tatu. Mwachie huyu, mimi nikae. Nitasoma mpaka uridhike.”

Harufu ya kisima ikajaa mpaka Pumzi akaziba pua. Ule mguu wa kiti ukaviringika juu ya saruji, polepole, kuelekea kabatini, kama mtu anayeuvuta kwa kidole. Ukasimama wima.

Chiriku akanyamaza katikati ya neno. Akaanguka ubavu kwenye mapaja ya mama yake, mwepesi, mwepesi wa mtoto wa miaka tisa. Akapepesa macho.

“Maji,” alisema. Akanywa bakuli zima. Kisha, “Mama, miguu imekufa ganzi na nataka kukojoa na huyu babu mbona anatoka jasho hivi, anaumwa?”

Fundi alilia kwa namna asiyoijua, mdomo wazi, kwa kelele. Hakuna kilichomgongea.

Maana Mwalimu alikuwa ameshaanza kusoma, na kilichokuwa karibu na kabati kilikuwa kikimsikiliza yeye. Alifika kwenye neno lake. *Ko.* Akarudi nyuma, akasoma tena.

“Sisikii kosa,” Pumzi alinong’ona.

“Hata mimi,” alisema Mwalimu. “Ndiyo maana nakaa.”

*

Walibishana mpaka jua likapungua, kwa vipande, kila Mwalimu alipopumzika kumeza mate.

“Nitakubeba mgongoni,” Bisibisi alisema. “Utalala kwangu. Mke wangu anajua kutunza watu.”

“Ukinibeba atanifuata. Na wewe nyumbani kwako huna hata aya moja ya kumpa.”

“Basi na abaki hapa peke yake na kabati lake.”

“Akikosa wa kumsomea hapa atatafuta darasa lingine. Madarasa yana watoto wa watu.” Akageuza kichwa. “Mimi ndiye niliyemwita. Mgeni ukimwita unakaa naye.”

Fundi alimtazama mama yake akisema hayo. Huenda ulikuwa upendo. Huenda ilikuwa kiburi kile kile, kimebadilisha nguo tu. Huenda pia, na hili alilifikiri kwa huruma, mama yake aliona ni rahisi zaidi kukaa na jini linalosali kuliko kulala chini ya paa la mwanawe asiyesali. Mtu anaweza kuwa na sababu tatu na zote zikawa za kweli.

“Na mimi, Mama?” Bisibisi aliuliza. Alikuwa na miaka arobaini na miwili, na aliuliza kama mtu anayeomba ruhusa ya kwenda kunywa maji.

“Ulichokiacha bado nakililia,” alisema Mwalimu. “Hilo silibadilishi. Lakini leo umeingia, nami sikusema toka.”

Zaidi ya hapo hakusema, naye Bisibisi hakudai.

Basi ikaamuliwa hivi. Darasa litafungwa. Fundi na binti yake watahamia kwa Bisibisi jioni ile ile, kabla giza halijaingia. Chakula kitaletwa asubuhi na jioni, kiwekwe kibarazani, na aliyekileta aondoke bila kusikiliza dirishani. Mwalimu atabaki, atasoma, mpaka kosa lake lijulikane au mpaka aitwe kwa Mola wake, lolote litakalotangulia. Hakuna mtoto atakayepita kizingiti kile tena, hata kuomba moto.

Pumzi ndiye aliyezunguka kwa wazazi kuwaambia, nyumba kwa nyumba, akihema kwenye kila mlango. Bisibisi ndiye aliyefungua skrubu za cherehani, akabeba kichwa chake begani na kurudi tena kubeba miguu. Fundi ndiye aliyekusanya nguo, akamwosha mama yake uso, akamwekea birika la maji mahali ambapo mkono utalifikia, kisha akambeba Chiriku mgongoni, japo Chiriku alikuwa mkubwa wa kubebwa na hakuacha kusema hivyo njia nzima.

Kufunga mlango alikutaka Mwalimu mwenyewe. Mwanawe alimwinua, akamfikisha mlangoni, akatoka. Walisimama nje, wakasikia viganja vyake vikipapasa ubao, na komeo la juu likaingia. La chini lilikuwa chini kabisa, usawa wa kifundo cha mguu. Kwa miaka mingi Fundi ndiye aliyekuwa akilifunga, kwa kuwa magoti ya mama yake hayakuweza kukunjika. Walisikia hatua zake zikirudi taratibu kwenye mkeka. Kisha, nyuma ya hatua hizo, wakasikia komeo la chini likisukumwa mahali pake, mara moja tu, bila kukosea.